Maana na Matumizi ya Kielezi "kwa Makusudi" katika Kiswahili cha Mahakama: Ufafanuzi kwa Mifano ya Mazingira ya Bariadi, Mkoa wa Simiyu

Ikisiri

Makala haya yanafafanua maana na matumizi ya kielezi "kwa makusudi" pamoja na maneno ya ukoo wake, yaani "kusudi", "kukusudia" na "kwa kukusudia", yanapotumika kueleza tendo lililofanywa kwa nia. Kielezi hiki ndicho kinachotumiwa mara nyingi kufasiri kielezi cha Kiingereza "intentionally" pamoja na jamaa zake "deliberately", "wilfully" na "on purpose". Hoja kuu ni kwamba kielezi hicho kimoja cha Kiswahili kinabebeshwa dhana kadhaa ambazo sheria inazitenganisha, na kwamba mipaka ya kile kinachoelezwa nacho katika sentensi mara nyingi haiko wazi. Mifano imetungwa na mwandishi kwa kuzingatia mazingira ya wilaya za Mkoa wa Simiyu, nayo inalinganishwa na vifungu vya Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16 ya Sheria za Tanzania. Namba za vifungu zinafuata toleo lililorekebishwa la mwaka 2022. Makala yanahitimisha kwa kupendekeza kwamba, katika hati na ushahidi, nia ielezwe kwa kitenzi "kukusudia" kinachofuatwa na tendo au matokeo yaliyokusudiwa, badala ya kuachwa katika kielezi kinachosimama peke yake.

1.0 Utangulizi

Mwaka 2021 Bunge la Jamhuri ya Muungano wa Tanzania lilipitisha Sheria ya Marekebisho ya Sheria Mbalimbali, Namba 1 ya mwaka 2021. Pamoja na mambo mengine, sheria hiyo iliirekebisha Sheria ya Tafsiri ya Sheria, Sura ya 1, na kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na lugha ya mahakama, huku ikiacha nafasi ya kutumia Kiingereza katika mazingira maalumu. Kabla ya hapo Kiswahili kilikuwa tayari lugha ya mahakama za mwanzo, ilhali kumbukumbu za mahakama za ngazi za juu ziliandikwa kwa Kiingereza. Hivyo mabadiliko ya mwaka 2021 hayakuleta Kiswahili mahakamani kwa mara ya kwanza. Yalichofanya ni kukipa jukumu jipya la kubeba dhana za kisheria ambazo kwa miongo mingi zilifikiriwa na kuandikwa kwa Kiingereza.

Miongoni mwa dhana hizo hakuna iliyo nzito kuliko nia. Kanuni ya Adhabu, iliyotungwa kwa mara ya kwanza wakati wa utawala wa Waingereza mwaka 1930 na kutungwa upya mwaka 1945, inatofautisha makosa mengi kwa kuangalia kilichokuwa katika fikra za mtenda. Kwa Kiswahili cha kawaida kosa la kifungu cha 196 linaitwa "kuua kwa kukusudia", na lile la kifungu cha 195 linaitwa "kuua bila kukusudia". Adhabu ya kosa la kwanza, kwa mujibu wa kifungu cha 197, ni kifo. Adhabu ya kosa la pili, kwa mujibu wa kifungu cha 198, inaweza kufikia kifungo cha maisha, lakini mahakama ina uhuru wa kuipunguza kadiri ya mazingira ya shauri. Katika lugha ya kila siku, basi, umbali kati ya kifo na kifungo unapimwa kwa neno "kukusudia". Kwa sababu hiyo maana ya neno hilo ni suala la isimu na ni suala la haki kwa wakati mmoja.

Mkoa wa Simiyu unafaa kuchukuliwa kama mfano kwa sababu mbili. Kwanza, mkoa huu, ulioanzishwa mwaka 2012 ukiwa na wilaya za Bariadi, Busega, Itilima, Maswa na Meatu na makao makuu yake Bariadi, unakaliwa kwa wingi na wasemaji wa Kisukuma. Wengi wao hukitumia Kiswahili kama lugha ya pili, na katika eneo la Bariadi lahaja inayosikika zaidi ni Kinantuzu. Pili, uchumi wa mkoa umesimama juu ya kilimo, hasa pamba na mahindi, na juu ya ufugaji wa ng'ombe, mbuzi na kondoo. Mashamba na malisho yanapopakana, na malisho yanapopakana na Pori la Akiba la Maswa, swali la iwapo jambo fulani lilifanywa makusudi huulizwa mara kwa mara, kuanzia ofisi ya mtendaji wa kijiji hadi mahakamani.

2.0 Asili na umbo la maneno ya ukoo wa "kusudi"

Maneno "kusudi" na "makusudi" yana asili ya Kiarabu, katika mzizi wenye maana ya kuelekea mahali au kulenga jambo. Wazo la msingi ni la mwelekeo: aliyekusudia jambo ameuelekeza moyo wake huko. Yakiisha kuingia katika Kiswahili, maneno haya yalipata matumizi matatu ambayo mchunguzi hana budi kuyatenganisha.

Matumizi ya kwanza ni ya nomino. Katika sentensi "Kusudi la mkutano ni kuchagua viongozi wa ushirika wa pamba", neno "kusudi" lina maana ya lengo, na halisemi lolote kuhusu lawama. Matumizi ya pili ni ya kiunganishi cha lengo, kama katika sentensi "Aliamka alfajiri kusudi awahi mnadani". Hapa "kusudi" linaweza kubadilishwa na "ili" bila maana kuharibika. Matumizi ya tatu ni ya kielezi, kama katika sentensi "Alimkanyaga kusudi" au "Alimkanyaga makusudi". Hapa neno linaeleza namna tendo lilivyofanyika, na msikilizaji hupata picha ya mtenda aliyejua anachokifanya na akataka kukifanya.

Tofauti kati ya matumizi ya pili na ya tatu inaweza kupotea katika usemi wa haraka. Sentensi "Alifungua zizi kusudi ng'ombe watoke" inaweza kueleweka kuwa lengo la kufungua lilikuwa ng'ombe watoke, jambo la kawaida kabisa asubuhi. Akisema "Alifungua zizi kusudi, ng'ombe watoke", kwa kituo baada ya "kusudi", mlalamikaji anatoa shutuma. Katika maandishi tofauti hiyo inategemea mkato mmoja, na karani anayeandika maelezo kwa mkono anaweza kuuacha mkato huo bila kujua kwamba ameondoa shutuma nzima.

Kitenzi "kukusudia" kina sifa moja ambayo kielezi hakina: kinahitaji kijalizo. Mtu hakusudii tu, anakusudia jambo. Tunasema "alikusudia kusafiri", "alikusudia kumwumiza", "alikusudia shamba liharibike". Tutakapofika katika mapendekezo itaonekana kwa nini sifa hii ina uzito.

3.0 Maana tatu za "makusudi" katika matumizi ya kawaida

3.1 Makusudi kama utashi

Maana ya kwanza ni ya utashi mtupu: tendo halikutokea kwa kuteleza, kwa kusukumwa wala kwa ajali. Kinyume chake katika Kiswahili ni "kwa bahati mbaya". Inafaa kutambua kwamba kinyume hicho hakizungumzii fikra za mtenda hata kidogo, kinazungumzia bahati. Anayesema "nilimgonga kwa bahati mbaya" anaondoa tendo mikononi mwake na kulikabidhi kwa majaliwa. Usemi "shetani alinipitia" unafanya kazi inayofanana na hiyo, lakini si sawasawa. Msemaji wake kwa kawaida anakiri kwamba tendo alilifanya na kwamba wakati huo alilitaka. Anachokikana ni kwamba nia ile ndiyo tabia yake ya siku zote. Mkalimani akiufasiri usemi huo kuwa ni kukana nia, amebadilisha ungamo kuwa utetezi. Akiufasiri kuwa ni kukiri nia tu, ameacha ombi la huruma lililomo ndani yake.

3.2 Makusudi kama ubaya wa moyo

Maana ya pili ndiyo inayosikika zaidi katika malalamiko. Mzazi anapomwambia mtoto "Unafanya makusudi!", hamwarifu kwamba tendo lake lina utashi, anamshutumu kwa ukaidi. Ndivyo ilivyo pia katika sentensi "Ananicheleweshea malipo makusudi". Katika matumizi haya neno limeongezewa maana ya uchokozi, dharau au chuki, na ndiyo sababu sentensi "Alinisaidia makusudi" husikika kuwa na kasoro, isipokuwa msaada wenyewe uwe na hila ndani yake.

Jambo hili si la Kiswahili peke yake. Mwaka 2003 mwanafalsafa Joshua Knobe alichapisha matokeo ya jaribio alilolifanya kwa watu 78 waliokuwa katika bustani ya umma huko Manhattan. Kundi moja lilisimuliwa habari ya mwenyekiti wa kampuni aliyeidhinisha mradi kwa ajili ya faida, huku akijua kwamba ungeharibu mazingira na akisema hajali. Kundi la pili lilisimuliwa habari ileile, isipokuwa mradi ungeyanufaisha mazingira. Katika kundi la kwanza asilimia 82 walisema mwenyekiti aliharibu mazingira kwa kukusudia. Katika kundi la pili ni asilimia 23 tu waliosema aliyanufaisha kwa kukusudia. Hali ya fikra ya mwenyekiti ilikuwa ileile, na tofauti iliyokuwapo ni ubaya au uzuri wa matokeo. Maana yake ni kwamba watu wanapotamka neno la nia mara nyingi wameshahukumu, na hukumu ndiyo inayowaongoza kulichagua neno.

3.3 Makusudi kama mpango wa makini

Maana ya tatu imekua katika Kiswahili cha utawala na vyombo vya habari: "jitihada za makusudi", "hatua za makusudi", "mkakati wa makusudi". Hapa neno lina sifa njema. Kiongozi anayesema kwamba halmashauri imechukua hatua za makusudi kuinua zao la pamba anamaanisha hatua zilizofikiriwa na kupangwa. Maana hii imekaribia ile ya neno la Kiingereza "deliberate", na inadokeza tafakuri iliyotangulia tendo. Inafaa kuangaliwa kwamba kwa kawaida hujitokeza pale "makusudi" yanapokuwa kivumishi cha nomino kwa kiunganishi "-a". Yanapokuwa kielezi baada ya kitenzi, maana ya ubaya hurudi.

4.0 Kile ambacho sheria inakitenganisha

Mwanafalsafa wa Uingereza J. L. Austin, katika makala yaliyochapishwa mwaka 1966 baada ya kifo chake, alionesha kwamba hata katika Kiingereza vielezi "intentionally", "deliberately" na "on purpose" havilingani, ijapokuwa wasemaji huvibadilishana. Tofauti hizo zinaweza kuoneshwa kwa mfano wa shambani. Mkulima wa Bariadi, baada ya mavuno, anang'oa na kuchoma masalia ya pamba ili kuzuia wadudu wasisalie hadi msimu unaofuata. Upepo unabadilika, moto unavuka mpaka na kuteketeza nyumba ya nyasi ya jirani. Alichoma kwa kukusudia? Masalia, ndiyo. Alichoma baada ya kutafakari? Huenda, kama aliipima siku na upepo, na huenda sivyo. Alikuwa na lengo? Alikuwa nalo, yaani kuangamiza wadudu. Je, aliichoma nyumba makusudi? Kwa maana ya kawaida, hapana. Hata hivyo jirani aliyebaki bila makazi, na ambaye tangu msimu uliopita alikuwa na mgogoro wa mpaka na mkulima huyo, atasema bila kusita: "Amechoma makusudi." Sentensi hiyo haina mtendwa, na hivyo ni kweli kuhusu masalia hata kama si kweli kuhusu nyumba.

Kifungu cha 319 cha Kanuni ya Adhabu, kinachohusu kuchoma moto majengo na mali nyingine, na kifungu cha 326 kinachohusu kuharibu mali, vyote viwili vinatumia kielezi cha Kiingereza "wilfully" kikiambatana na sharti la kwamba tendo liwe kinyume cha sheria. Katika hati za mashtaka za Kiswahili kielezi hicho huwa "kwa makusudi". Vifungu vingine vinatumia maneno tofauti. Kifungu cha 222 kinadai nia mahsusi, kwa mfano nia ya kulemaza. Wizi, kwa maelezo ya kifungu cha 258, unahitaji udanganyifu pamoja na kutokuwapo kwa haki inayodaiwa juu ya mali. Vipo pia vifungu vinavyodai kwamba mtenda awe alijua jambo fulani. Kiingereza cha sheria kinatumia vielezi vinne au vitano kwa mambo haya. Kiswahili cha mahakama hakikosi maneno, kwa sababu tunayo "kwa kujua", "kwa nia ovu", "kwa hila", "kwa udanganyifu" na "kwa kutojali". Tatizo ni mazoea ya kuyaweka mengi kati ya hayo chini ya "kwa makusudi".

4.1 Kuua kwa kukusudia na kuua bila kukusudia

Ugumu unaonekana zaidi katika makosa ya kuua. Kifungu cha 200 kinataja hali nne ambazo yoyote kati yake inatosha kuthibitisha dhamira ovu iliyotangulia. Ya kwanza ni nia ya kuua au kuleta madhara makubwa kwa mtu yeyote, awe ndiye aliyekufa au siye. Ya pili ni ujuzi kwamba tendo huenda likasababisha kifo au madhara makubwa, hata kama mtenda hakujali, au hata kama alitamani matokeo hayo yasitokee. Ya tatu ni nia ya kutenda kosa ambalo adhabu yake inazidi kifungo cha miaka mitatu. Ya nne ni nia ya kumwezesha mkosaji kukimbia au kutoroka mikononi mwa sheria.

Kati ya hizo nne, ni sehemu tu ya hali ya kwanza inayolingana na maana ya kawaida ya maneno "kuua kwa kukusudia". Aliyekusudia kumjeruhi vibaya mwenzake hakukusudia kuua, lakini sheria inamweka hapo. Aliyejua hatari na akatamani isitokee hakukusudia kuua kwa maana yoyote ya Kiswahili cha nyumbani, lakini sheria inamweka hapo pia.

Upande wa pili una ugumu wa namna yake. Kifungu cha 201 kinasema kwamba mtu aliyeua katika mazingira ambayo yangekuwa ya kosa la kifungu cha 196, lakini akafanya hivyo kwa jazba iliyotokana na uchokozi wa ghafla kabla hasira haijapoa, ana hatia ya kosa dogo zaidi tu. Mtu huyo kwa kawaida alitaka kuua wakati ule. Kilichompunguzia kosa ni mazingira ya ghadhabu, wala si kukosekana kwa nia. Hata hivyo hukumu yake itasomwa kwa Kiswahili kuwa "kuua bila kukusudia". Ndugu wa marehemu waliosikia ushahidi kwamba mshtakiwa alitamka "leo nakuua" na kisha akaua watatoka mahakamani wakiamini kwamba mahakama imekataa kuusikia ushahidi huo. Mahakama imeusikia na kuupima. Jina la kosa ndilo lililosema kisichokuwapo.

4.2 Nia na sababu

Kifungu cha 10 kinatenganisha mambo mawili ambayo neno "kusudi" linayaunganisha. Kinaeleza kwamba mtu hawajibiki kijinai kwa tendo lililofanyika nje ya utashi wake wala kwa tukio la ajali. Kinaeleza pia kwamba sababu iliyomsukuma mtu kutenda haina uzito katika kuamua hatia, isipokuwa pale sheria inaposema vinginevyo. Lakini shahidi akiulizwa kwa Kiswahili "Alikuwa na kusudi gani?", atajibu kuhusu sababu: wivu, mgogoro wa ardhi, deni, au tuhuma za uchawi.

Eneo la Usukuma limepitia kwa miongo mingi msiba wa mauaji ya wazee, hasa wanawake, waliotuhumiwa uchawi. Katika mashauri ya aina hiyo mshtakiwa anaweza kusema, "Sikukusudia kuua, nilikusudia kumwokoa mwanangu." Kwa sarufi ya Kiswahili sentensi hiyo haina kasoro: "kukusudia" kwa maana ya lengo linaelekezwa kwenye mwisho wa safari, na kuua ni njia tu. Kwa sheria sentensi hiyo inaitaja sababu na kuiacha nia palepale. Mwandishi wa maelezo akiishia kwenye kishazi cha kwanza na kuandika "alikana kukusudia", kumbukumbu itakuwa na utetezi ambao mshtakiwa hakuutoa. Akiandika "alikiri", atakuwa amemnyima mshtakiwa maneno yake mwenyewe.

5.0 Mipaka ya kielezi katika sentensi ya Kiswahili

Mbali na maana, lipo tatizo la sarufi. Kielezi kinaeleza kitenzi, lakini masimulizi ya Kiswahili hupanga vitenzi vingi mfululizo kwa kiambishi "-ka-". Tuangalie sentensi hii:

(1) Alimsukuma makusudi akaanguka akafa.

Kielezi kimekaa baada ya kitenzi cha kwanza. Kwa muundo kinahusu kusukuma tu. Kwa mazoea ya usikilizaji kinaenea hadi mwisho wa mfululizo, kwa sababu "-ka-" huyaunganisha matendo kuwa tukio moja. Aidha, kiambishi nafsi "a-" ni kilekile kwa aliyesukuma na kwa aliyeanguka, jambo linaloongeza hisia kwamba tukio lina mwenyewe mmoja. Tulinganishe na:

(2) Makusudi alimsukuma akaanguka akafa.

(3) Alimsukuma akaanguka akafa, makusudi.

Katika (2) na (3) kielezi kimetangulia au kimefuata mfululizo mzima, na msikilizaji hupata maana kwamba hata kifo kilitakiwa. Mashahidi watatu waliotamka sentensi hizi tatu hawakusema jambo moja, lakini tafsiri ya haraka itawapa kauli moja.

Ukanushi nao una utata wake. Sentensi "Hakumpiga makusudi" inaweza kumaanisha kwamba alimpiga bila kukusudia, au kwamba aliacha kumpiga kwa kukusudia. Katika mazungumzo kiimbo hutofautisha; katika maandishi hakuna kiimbo.

Kiswahili, kama zilivyo lugha nyingine za Kibantu, Kisukuma kikiwamo, kina pia uwezo wa kueleza uhusika kwa minyambuliko ya kitenzi. Tuchukue mgogoro wa mifugo na shamba:

(4) Ng'ombe wameingia shambani.

(5) Ameachia ng'ombe wakaingia shambani.

(6) Ameingiza ng'ombe shambani.

Sentensi ya (4) haina mtenda binadamu. Ya (5) inamtaja mchungaji lakini inaacha wazi iwapo ni uzembe. Ya (6), kwa kauli ya kusababisha, inamfanya mchungaji kuwa chanzo, na wasikilizaji wengi huisikia kana kwamba "makusudi" limekwisha kutamkwa. Hata hivyo mnyambuliko wa kusababisha hauthibitishi nia: mtoto anayechunga peke yake kundi kubwa anaweza kuingiza ng'ombe shambani kwa kuchagua njia mbaya. Katika shauri la kuharibu mali chini ya kifungu cha 326, mlalamikaji anayetumia (6) na mshtakiwa anayetumia (4) huenda wanasimulia tukio lilelile bila hata mmoja wao kusema uongo. Hakimu anayetaka kujua nia hana budi kuuliza zaidi ya kitenzi: mchungaji alikuwa wapi, alikwisha kuonywa kuhusu njia hiyo, alifanya nini alipoona ng'ombe wamevuka mpaka?

6.0 Safari ya neno kutoka kijijini hadi hukumuni

Neno la shahidi wa Itilima au Meatu huweza kupita katika hatua nne. Hulisema kwa Kisukuma nyumbani au mbele ya uongozi wa kijiji. Huandikwa kwa Kiswahili kituo cha polisi. Huingia katika kumbukumbu za mahakama, ambazo kwa miaka mingi katika mahakama za juu zilikuwa za Kiingereza. Na mwisho hurudi kwa Kiswahili hukumu inaposomwa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, katika kifungu cha 211, inataka ushahidi uliotolewa kwa lugha asiyoielewa mshtakiwa ufasiriwe mbele yake. Kifungu hicho kinalinda uelewa wa mshtakiwa. Hakiwezi peke yake kulinda usahihi wa kielezi kimoja katika hatua zote nne.

Mahakama zenyewe zimepata njia ya kupunguza utegemezi wa neno la shahidi. Katika Rufaa ya Jinai Namba 150 ya mwaka 1994, Mahakama ya Rufani ya Tanzania ikiketi Mbeya ilieleza mambo ambayo dhamira ovu inaweza kutambuliwa kwayo: aina na ukubwa wa silaha, nguvu iliyotumika, sehemu ya mwili iliyolengwa, idadi ya mapigo, aina ya majeraha, maneno ya mshambuliaji, na mwenendo wake kabla na baada ya tukio. Uamuzi huo umefuatwa mara nyingi katika mashauri yaliyofuata. Kwa mtazamo wa isimu, mahakama ilikiri kwamba nia haionekani na hivyo ikatafuta alama zake zinazoonekana. Ni jambo moja tu katika orodha hiyo, yaani maneno ya mshambuliaji, ambalo ni la lugha moja kwa moja. Lakini mengine yote hufika mahakamani kupitia sentensi za mashahidi, na "alimlenga kichwani makusudi" ni sentensi inayochanganya kilichoonekana na kilichohukumiwa. Shahidi aliona shoka likishuka kichwani. "Kulenga" na "makusudi" ni hitimisho lake.

7.0 Hitimisho na mapendekezo

Makala yameonesha kwamba "kwa makusudi" lina maana ya utashi, maana ya ubaya wa moyo na maana ya mpango wa makini. Kwamba "kusudi" linaunganisha nia na sababu. Na kwamba nafasi ya kielezi katika sentensi ya Kiswahili haitoshi kuonesha ni tendo lipi lililokusudiwa. Aidha, majina "kuua kwa kukusudia" na "kuua bila kukusudia" hayalingani na yaliyomo katika vifungu vya 195, 196, 200 na 201. Kutokana na hayo yanapendekezwa mambo manne.

Kwanza, katika maelezo ya mashahidi na ya washtakiwa, kielezi "kwa makusudi" kinapotamkwa kiandikwe kama kilivyo, kisha kifuatwe na swali: "Unajuaje?" au "Alifanya nini kilichokuonesha hivyo?" Jibu la swali hilo ndilo ushahidi.

Pili, katika hati za mashtaka na hukumu, nia ielezwe kwa kitenzi pamoja na kijalizo chake: "akikusudia kumwua", "akikusudia kumletea madhara makubwa", "huku akijua kwamba huenda tendo hilo likaleta kifo". Muundo huu unamlazimisha mwandishi kutaja kilichokusudiwa, jambo ambalo kielezi kinamruhusu kulikwepa.

Tatu, wafasiri wa sheria watenge neno kwa kila dhana na kulishikilia: "kwa kukusudia" kwa nia, "kwa kujua" kwa ujuzi, "kwa kutojali" kwa kupuuza hatari inayojulikana, "kwa nia ovu" kwa chuki au hila, na "baada ya kutafakari" kwa tendo lililopimwa kabla. Kazi ya kukusanya istilahi za sheria kwa Kiswahili ilikwisha kuanza Dar es Salaam katika miaka ya 1960, A. B. Weston alipochapisha orodha ya istilahi hizo mwaka 1968. Kinachohitajika sasa ni uthabiti wa matumizi zaidi ya maneno mapya.

Nne, majina ya makosa ya vifungu vya 195 na 196 yatazamwe upya. Jina linalotaja uwepo au kukosekana kwa dhamira ovu, mathalani "kuua kwa dhamira ovu" na "kuua pasipo dhamira ovu", lingeziweka hali zote nne za kifungu cha 200 mahali pake na lingeondoa mgongano unaojitokeza katika mauaji ya ghadhabu. Mabadiliko hayo hayatapunguza uchungu wa familia iliyofiwa huko Bariadi, wala hofu ya mshtakiwa anayesubiri hukumu. Yatawawezesha wote wawili kuelewa, kwa lugha waliyoizoea, kile ambacho mahakama imekiona na kile ambacho haikukiona.